Jay Silverheels, jirani yetu aliyepanda farasi hadi Hollywood

Safari hii safu yetu ya watu maarufu haiendi mbali. Mtu tutakayemsoma alizaliwa hapa hapa Ontario, karibu na mji wa Brantford, mwendo wa saa moja na nusu hivi kwa gari kutoka Toronto. Babu na bibi wengi wa nchi hii walimtazama kwenye televisheni walipokuwa wadogo. Walimjua kwa jina la Tonto. Jina lake la kuzaliwa ni Harold Jay Smith, na jina alilofanyia kazi ni Jay Silverheels.

Kuzaliwa kwake

Alizaliwa tarehe 26 Mei 1912 katika ardhi ya Six Nations, kando ya mto Grand. Six Nations maana yake ni mataifa sita: Mohawk, Oneida, Onondaga, Cayuga, Seneca na Tuscarora. Hawa ni wenyeji wa asili, waliokuwepo kabla ya Wazungu kuvuka bahari. Walipewa ardhi hiyo mwaka 1784 na serikali ya Waingereza, baada ya kupoteza nchi yao upande wa Marekani kwa sababu walipigana pamoja na Waingereza. Kwa hiyo hata wao, wazee wao walipata kuhama na kuanza upya. Sisi tuliohama tunalielewa jambo hilo.

Harold alikuwa Mmohawk. Baba yake, Alexander George Edwin Smith, alikuwa afisa katika jeshi la Kanada wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, na alitunukiwa nishani ya ushujaa iitwayo Military Cross.

Hapo hapo Brantford palikuwa na shule ya bweni, Mohawk Institute, ambako watoto wa wenyeji walichukuliwa kutoka kwa wazazi wao ili wafundishwe kuishi kama Wazungu. Walikatazwa kusema lugha ya nyumbani, na aliyekutwa anaisema aliadhibiwa. Shule hiyo ilifungwa mwaka 1970. Nawaeleza haya ili mjue Harold alikulia katika mazingira gani: lugha ya mama ilihesabiwa kuwa kosa.

Miguu yenye mbio

Kabla ya kuwa mwigizaji, alikuwa mwanamichezo hodari. Mchezo wake ulikuwa lakrosi. Kila mchezaji hushika fimbo yenye wavu mdogo kwenye ncha, na kwa wavu huo hudaka mpira, hukimbia nao na kuutupa golini. Mchezo huu ni wa wenyeji wa asili. Wazungu walijifunza kwao. Leo sheria ya Kanada inautambua kuwa mchezo wa taifa wa majira ya joto.

Mwaka 1931 ulianzishwa mtindo mpya wa lakrosi ya ndani, uliochezwa katika viwanja vya mpira wa magongo ya barafu, na kijana huyu akawa miongoni mwa wachezaji wake wa kwanza. Alicheza Toronto, kisha Marekani katika miji ya Buffalo na Rochester. Alikimbia kwa kasi kiasi kwamba akapewa jina la Silverheels, yaani mwenye visigino vya fedha.

Alipigana ndondi pia. Mwaka 1938 alishika nafasi ya pili ya uzito wa kati katika mashindano ya Golden Gloves, ya mabondia wa ridhaa.

Mlango wa sinema

Safari za lakrosi zilimfikisha Los Angeles. Huko mchekeshaji mashuhuri wa wakati huo, Joe E. Brown, alimwona akicheza akamshawishi ajaribu sinema. Alianza chini kabisa. Kwa miaka mingi alikuwa mmoja wa watu wanaojaza nyuma ya picha, au yule anayeanguka kutoka juu ya farasi badala ya mwigizaji mkuu ili mwigizaji mkuu asivunjike mguu. Jina lake mara nyingi halikuandikwa popote.

Polepole akaanza kuonekana. Mwaka 1947 aliigiza katika Captain from Castile, na mwaka uliofuata katika Key Largo, ambayo nyota wake alikuwa Humphrey Bogart. Mwaka 1950 aliigiza kama Geronimo, mpiganaji wa Waapache, katika filamu ya Broken Arrow, na baadaye akamwigiza Geronimo mara mbili tena.

Hebu tuitazame hiyo Broken Arrow kidogo. Ilisifiwa kwa sababu iliwaonyesha Waapache kama binadamu wenye akili na heshima. Lakini chifu wao mkuu, Cochise, aliigizwa na Jeff Chandler, Mzungu aliyezaliwa Brooklyn, New York, akapakwa rangi ili afanane na Mwapache. Chandler ndiye aliyependekezwa kwa tuzo ya Oscar. Silverheels, mwenyeji wa kweli, alipata nafasi ndogo. Ndivyo Hollywood ilivyokuwa: mwenyeji wa asili alipewa farasi na mshale, na maneno mengi akapewa mtu mwingine.

Tonto

Tarehe 15 Septemba 1949 kipindi cha The Lone Ranger kilianza kwenye televisheni ya ABC ya Marekani. Hadithi yenyewe ilikuwa ikisikika redioni tangu mwaka 1933. Askari sita wa Texas wanavamiwa na majambazi, na wote wanaachwa wakidhaniwa wamekufa. Mmoja bado anapumua. Anapita mwenyeji wa asili aitwaye Tonto, anamkuta, anamfunga majeraha na kumwuguza mpaka anapona. Kisha askari huyo anavaa barakoa nyeusi machoni, na wawili hao wanazunguka pamoja wakiwatetea wanyonge.

Mimi ni muuguzi, na kila nikiisikia hadithi hii najiuliza kwa nini kipindi kilipewa jina la mgonjwa. Bila Tonto mtu yule angefia pale pale mchangani.

Redioni, Tonto alikuwa ameigizwa na John Todd, ambaye hakuwa mwenyeji wa asili. Televisheni ilipokuja, kazi ilipewa Jay Silverheels, na Clayton Moore akawa askari mwenye barakoa. Hili halikuwa jambo dogo. Kila wiki mamilioni ya watoto walimwona mwenyeji wa kweli, si Mzungu aliyepakwa rangi, akiwa juu ya farasi wake Scout, shujaa na si adui.

Kipindi kilidumu hadi mwaka 1957, kikawa na sehemu 221. Katikati, Clayton Moore aliondolewa kwa muda na John Hart akavaa barakoa kwa sehemu 52. Tonto alibaki yule yule. Silverheels alipata shambulio la moyo wakati kipindi kingali kikiendelea, akakosa sehemu chache tu, akarudi kazini. Zilitengenezwa pia filamu mbili za sinema, mwaka 1956 na mwaka 1958, yeye na Moore wakiwa pamoja.

Tatizo la lugha

Sasa tufike penye uzito. Tonto aliandikiwa aseme Kiingereza kibovu. Alisema kwa vipande vipande, bila kuunganisha maneno, kama mtu aliyeanza kujifunza jana. Jay Silverheels mwenyewe alisema Kiingereza kizuri tangu utotoni. Ilimbidi aende kazini kila siku akajifanye hajui anachokijua.

Hata jina lenyewe lina walakini. Kwa Kihispania, tonto maana yake ni mjinga. Kipindi kilipotafsiriwa kwa wasemaji wa Kihispania ilibidi jina libadilishwe kuwa Toro, yaani fahali.

Miaka ya 1960 na 1970, vijana wa jamii za wenyeji walipoanza kudai haki zao kwa sauti kubwa, wengi walimwona Tonto kuwa aibu. Walisema amewafundisha watoto wa Wazungu kwamba mwenyeji mwema ni yule anayemfuata Mzungu nyuma na kuzungumza kama mtoto. Walikuwa na haki ya kusema hivyo. Mtoto aliyeitwa Tonto uwanjani mwa shule hakuwa anasifiwa.

Lakini tukumbuke pia mambo yalivyokuwa. Mwaka 1949 hakukuwa na kazi nyingine ya namna ile kwa mtu kama yeye. Huku kwao Kanada, ilikuwa mwaka 1960 ndipo wenyeji wa asili wote waliporuhusiwa kupiga kura ya kitaifa bila kwanza kuacha hadhi yao ya kisheria kama wenyeji. Yaani uso wake ulijulikana nchi nzima, kipindi chake kilianza na kikaisha, na bado ndugu zake pale Six Nations walikuwa hawajaipata haki hiyo.

Wazee wetu husema mtaka cha mvunguni sharti ainame. Silverheels aliinama. Kinachonifanya nimheshimu ni kwamba aliinuka na kitu mkononi, na hakukila peke yake.

Kuwafungulia wengine

Katikati ya miaka ya 1960 alisaidia kuanzisha Indian Actors Workshop katika mtaa wa Echo Park, Los Angeles. Hapo wenyeji wa asili walifundishwa kuigiza, ili mtayarishaji wa filamu asiweze tena kusema kwamba hakumpata mwenyeji mwenye ujuzi. Hiyo ndiyo ilikuwa sababu iliyotolewa siku zote, na dawa ya sababu hiyo ilikuwa mafunzo.

Mwishoni mwa miaka hiyo ya 1960 alitokea katika kipindi cha Johnny Carson kwa mchezo mfupi wa kuchekesha. Alikuja kama Tonto anayetafuta kazi mpya, akaeleza jinsi alivyotumikishwa kwa miaka yote ile. Watu walicheka, lakini safari hii mzaha ulikuwa mikononi mwake.

Uzeeni alirudia mapenzi yake ya farasi, akashiriki mbio zile ambazo farasi hukokota kigari chepesi chenye dereva. Baadaye akapatwa na kiharusi, na afya yake haikurudi. Mwaka 1979 aliwekewa nyota yenye jina lake kwenye njia maarufu ya Hollywood. Alifariki tarehe 5 Machi 1980, akiwa na umri wa miaka 67. Majivu yake yalirudishwa Six Nations, kando ya mto Grand, alikozaliwa. Mwaka 1997 aliingizwa katika ukumbi wa heshima wa lakrosi wa Kanada.

Mwaka 2013 ilitoka filamu mpya ya The Lone Ranger, na Tonto akaigizwa na Johnny Depp. Mabishano yale yale yakazuka upya: nani aigize nafsi ya nani, na kwa lugha gani. Kwa hiyo msidhani haya ni mambo ya kale tu.

Kwa nini tunamsoma katika shule ya Kiswahili

Watoto, wapo kati yenu waliochekwa shuleni kwa sababu ya lafudhi ya mama au baba. Wapo pia wanaowacheka wazazi wao nyumbani, nawajua! Mtu asiyeimudu lugha ya pili vizuri si mjinga. Mara nyingi ana lugha nyingine kichwani ambayo anayemcheka haijui hata neno moja. Na wewe unayekosea ngeli za Kiswahili hapa Jumamosi, hakuna atakayekuita Tonto. Kosea, urekebishwe, uendelee.

Wazazi wenzangu, pale Six Nations leo wanafundisha watoto wao Kimohawk darasani kwa juhudi kubwa, kwa sababu waliobaki wakikisema vizuri ni wachache. Wao walinyang'anywa lugha kwa nguvu. Sisi hakuna anayetukataza. Tukiipoteza, tutakuwa tumeiacha wenyewe mezani. Na kama mna nafasi, wapelekeni watoto Woodland Cultural Centre, makumbusho yaliyopo Brantford, mahali ilipokuwa ile shule ya bweni.

Maneno ya kujifunza wiki hii

Lafudhi: namna mtu anavyotamka maneno kulingana na alikotoka.
Ridhaa: kucheza mchezo bila kulipwa mshahara.
Walakini: kasoro, dosari.
Mvungu: nafasi iliyo chini ya kitanda.
Kiharusi: ugonjwa unaotokea damu inapokosa kufika sehemu ya ubongo, au mshipa unapopasuka humo.

Maswali ya kuzungumza nyumbani

1. Kwa nini Harold alipewa jina la Silverheels?
2. Kama ungekuwa wewe, ungekubali kazi ya Tonto mwaka 1949? Kwa nini?
3. Mwulize mzazi wako: ni kazi gani aliyowahi kuifanya ambayo ilimlazimu ainame? Alipata nini mvunguni?

Leteni majibu Jumamosi ijayo. Anayeweza kuandika aandike, na mdogo aje asimulie kwa mdomo.