Sheikh Al-Amin, kadhi aliyetuandikia gazeti

Kila nivukapo daraja la Nyali kutoka Kisauni kwenda mjini, humkumbuka mtu ambaye wengi wetu twalijua jina lake kuliko kazi yake. Ukitaja Mazrui leo, watu humfikiria marehemu Profesa Ali Mazrui, aliyesomesha Makerere na Marekani na kufariki 2014. Ni haki yake. Lakini kabla ya mwana kulikuwa na baba, na baba huyo ndiye aliyeufundisha mji huu kujisema wenyewe gazetini, kwa lugha yake na kwa herufi zake. Ni Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui, Mwenyezi Mungu amrehemu.

Alizaliwa Mombasa mwaka 1891, katika ukoo uliowahi kuutawala mji huu mpaka 1837, uliponyang'anywa na Seyyid Said. Baba yake, Sheikh Ali bin Abdallah, alikuwa mwanachuoni mkubwa, lakini alifariki 1894 mtoto akiwa bado mdogo sana. Mwaka uliofuata Waingereza walitangaza himaya yao, na Mbaruk bin Rashid, wa ukoo huo huo, akapigana nao vita mpaka 1896. Kwa hiyo Al-Amin alikua katika nyumba iliyokuwa na kumbukumbu ya utawala, ilhali utawala wenyewe umekwisha. Kilichobaki kilikuwa ni elimu. Akalelewa na kusomeshwa na jamaa yake, Sheikh Suleiman bin Ali Mazrui, kisha akaenda Unguja kusoma kwa Sayyid Ahmad bin Sumayt na Sheikh Abdallah Bakathir, mabingwa wa zama zao.

Mtu wa aina hiyo angeweza kutosheka na darsa zake msikitini. Yeye alikuwa akisoma pia jarida la Al-Manar la Rashid Rida, lililotoka Cairo, na akaona kwamba gazeti huingia pale ambapo darsa haifiki: dukani, barazani, kwenye majahazi. Mwaka 1930 akaanzisha Sahifa, yaani ukurasa, na kweli lilikuwa jambo dogo la karatasi. Mwaka 1932 akalifuatisha Al-Islah, maana yake matengenezo, ambalo ndani yake mlikuwa na Kiswahili na Kiarabu.

Naomba msomaji aziangalie tarehe hizo. Mwaka 1928 wakubwa wa serikali za kikoloni walikutana papa hapa Mombasa wakaamua Kiswahili cha shule na vitabu kifuate Kiunguja. Mwaka 1930 kamati ya lugha ikaanza kazi, na maandishi yake ni ya herufi za Kizungu. Hapa kwetu Kisauni, wamishenari walikuwa Frere Town tangu 1875, na shule yao na kanisa lao. Mwaka 1931 likafunguliwa daraja la kwanza la Nyali, lile la kuelea, na kisiwa kikaungana na upande wetu. Mambo yalikuwa yanageuka kwa kasi, na anayeyageuza si mwenyeji. Wakati huo huo Sheikh Al-Amin akawa anaandika Kimvita, kwa herufi za Kiarabu, kama barua na tenzi za pwani zilivyoandikwa kwa karne nyingi.

Aliandika nini? Hakuandika fat'wa tupu. Aliandika juu ya mambo ambayo leo tungeyaita ya utamaduni: mavazi, lugha, malezi, starehe, matumizi ya mali, elimu ya watoto wa kike, na hasa juu ya kuiga. Swali lake kubwa lilikuwa ni kitu gani tuchukue kwa Wazungu na kitu gani tuwaachie. Hakuwachukia Wazungu kwa kuwa ni Wazungu. Aliona wana bidii, wana umoja, wanaipenda nchi yao na wanatafuta elimu, akasikitika kwamba sisi tuliyaacha hayo tukakimbilia mavazi na ulevi. Lawama yake ya kwanza ilikuwa kwa watu wake mwenyewe. Wasichana akataka wasomeshwe, katika zama ambazo wazee wengi walidhani kalamu mkononi mwa mwanamke ni fitina.

Si kila mtu alifurahi. Aliyoyasema juu ya baadhi ya mila za dini, akiziona ni uzushi, yaliwaudhi wengi, na mjadala huo haujesha mpaka leo katika misikiti yetu. Mimi siandiki kuukata. Nataka tu kusema kwamba aliuweka hadharani, kwenye karatasi, ambapo mtu angeweza kusoma, akakataa na akajibu.

Magazeti yenyewe hayakudumu. Yeye aliingia ukadhi, na mwaka 1937 akawa Kadhi Mkuu wa Kenya, cheo alichokuwa nacho mpaka alipofariki tarehe 1 Aprili 1947. Mwanawe Ali alikuwa na miaka 14. Mwanafunzi wake, Sheikh Muhammad Kasim Mazrui, naye alikuja kuwa Kadhi Mkuu na mwandishi. Sehemu ya makala za gazetini zilikusanywa 1944 katika kitabu kiitwacho Uwongozi. Mwaka 2017 Kai Kresse na Hassan Mwakimako walizitoa tena pamoja na tafsiri ya Kiingereza, na mchapishaji ni wa Leiden, Uholanzi. Nawashukuru kwa dhati. Lakini moyo unauma kwamba mtoto wa Likoni akitaka kumsoma sheikh wa Mombasa, njia iliyo wazi zaidi inapitia Ulaya.

Nina jambo moja la kumdai. Nikimsoma, naona "sisi" yake ni Waislamu wa pwani, Waarabu na Waswahili, na kitovu chake ni kisiwani. Siku hizi watu wa Mombasa wengi wako huku kwetu: Kisauni, Likoni, Changamwe. Tuko Waswahili, Wamijikenda, Wakamba, Wajaluo, Waislamu na Wakristo, na wajukuu wa wale walioachiliwa huru wakaletwa Frere Town. Swali lake la kuiga bado ni letu, tena limezidi kuwa zito, kwa sababu kinachoigwa sasa kiko kwenye simu, mfukoni mwa kila kijana. Atakayelijibu leo hana budi kuipanua ile "sisi". Na hilo si kumkosea adabu sheikh. Yeye mwenyewe alikuwa akiwakataza watu kufuata tu kwa kuwa wazee walifuata.

Kuna la kufanya, na halihitaji mfadhili. Watoto wetu wa madrasa wanazijua herufi za Kiarabu tangu wana miaka mitano au sita. Wanazisoma kwa Qur'ani, lakini ukiwapa barua ya babu yao ya Kiswahili kwa herufi hizo hizo, hawaambui kitu. Mimi nilikuwa hivyo hivyo, nikaona haya. Walimu wa madrasa za huku bara wakitenga saa moja kwa wiki kufundisha kusoma Kiswahili kwa hati hiyo, kwa mwaka mmoja tutakuwa na vijana wanaoweza kufungua sanduku la nyumbani kwao na kujua mna nini. Sheikh Al-Amin alianza na ukurasa mmoja. Na sisi tuanze na saa moja.