Paul Robeson na Filamu Aliyoikana

Marehemu Paul Robeson, Mmarekani mweusi aliyesifika ulimwenguni kwa sauti yake nzito, alizaliwa tarehe 9 Aprili, 1898, mjini Princeton. Baba yake alikuwa mtumwa aliyetoroka, kisha akawa mchungaji wa kanisa. Robeson alisomea sheria, lakini aliiacha akashika uigizaji na uimbaji.

Huko London, alikojifunza Kiswahili, alikubali kuigiza katika filamu iitwayo Sanders of the River. Mwongozaji wake, Zoltan Korda, alikuwa amerejea kutoka Afrika na picha za ngoma halisi, zikiwemo za Waacholi wa Uganda. Robeson, akiwa chifu Bosambo, aliimba humo akiamini kwamba dunia itauona utu wa Mwafrika. Miongoni mwa wanakijiji wa filamu hiyo alikuwamo Jomo Kenyatta. Lakini ilipotoka mwaka 1935, filamu iligeuka kuwa sifa tupu za mkoloni, na Bosambo akaonekana mtumishi mtiifu wa Bwana Sanders. Sauti ilikuwa ya Robeson. Mkasi wa kukata picha ulikuwa wa wengine. Alikasirika, akaikana.

Mwaka 1936 mkewe, Eslanda, alikuja Uganda na mtoto wao, wakakaribishwa Toro na Akiki Nyabongo, mwana wa mfalme. Nchi ya Kasese na Bwera ya leo ilikuwa wakati huo chini ya ufalme huo. Robeson hakuwamo safarini.

Mwaka huohuo alionekana katika Show Boat, mchezo wa nyimbo uliotoka jukwaani, akiimba kama mchukuzi wa mtoni aliyechoka na maisha. Baadaye, katika maonyesho yake, aliyabadili maneno ya wimbo huo, mchukuzi akawa mtu wa kupambana. Kwa maoni yetu, hapo ndipo alipojikomboa.

Januari 1938 alikwenda Hispania, akawaimbia askari wa Jamhuri waliokuwa vitani na majeruhi wao. Wasomaji wetu wenye sare wanajua thamani ya mgeni wa namna hiyo.

Mwaka 1942 aliachana na filamu za Hollywood. Mwaka 1950 serikali yake ilimnyang'anya pasipoti kwa sababu ya siasa zake. Hata hivyo, mwaka 1957 aliimba kwa njia ya simu kutoka New York, na watu wakamsikiliza ukumbini London. Pasipoti alirudishiwa mwaka 1958. Alifariki tarehe 23 Januari, 1976.