Usiku wa Pointi Mia Usio na Picha

Tarehe 2 Machi 1962, katika mji mdogo wa Hershey, jimbo la Pennsylvania, Marekani, marehemu Wilt Chamberlain alifunga pointi 100 peke yake katika mchezo mmoja wa mpira wa vikapu. Timu yake, Philadelphia Warriors, ikawatoa New York Knicks kwa 169 dhidi ya 147. Hapana mchezaji wa ligi ya NBA aliyeifikia idadi hiyo tangu siku ile, na hapana kipande cha filamu wala cha televisheni cha mchezo huo kilichopata kuonekana.

Msomaji atastaajabu, kwani hiyo ni nchi iliyojaa televisheni. Lakini mpira wa vikapu wa kulipwa haukuwa na cheo wakati huo, na ukumbini walikuwamo watu 4,124 tu. Ilipigwa picha ya mnato: jitu limeketi, limeshika karatasi ambayo Harvey Pollack, mtu wa takwimu wa timu, aliiandika 100 kwa mkono wake. Tena usiku ule alitia mitupo 28 ya adhabu kati ya 32, naye ni mtu ambaye mitupo hiyo ilimtesa umri wake wote.

Alizaliwa Philadelphia mwaka 1936, akarefuka mpaka futi 7 na inchi 1, mnazi hasa! Msimu ule wa 1961-62 wastani wake ulikuwa pointi 50.4 kwa kila mchezo.

Kamera zilipoanza kumfuata kwa bidii, zilimkuta katika siku za mashaka. Mei 1969, akiwa na Lakers ya Los Angeles, aliumia goti katika mchezo wa mwisho wa fainali. Alipotaka kurudi uwanjani kocha wake alikataa, na Boston wakashinda kwa pointi mbili. Mei 1970, New York, nchi ikitazama, Willis Reed aliingia akichechemea, akatia mitupo yake miwili ya kwanza, na ukumbi ukalipuka. Chamberlain alifunga pointi 21 na kudaka mipira 24 iliyorudi kutoka kikapuni, lakini kati ya mitupo 11 ya adhabu alitia mmoja tu. Hiyo ndiyo sura iliyorudiwa-rudiwa kuonyeshwa, na kwa maoni yangu alidhulumiwa nayo. Mwaka 1972 alicheza na mkono ulioumia, akafunga 24, akadaka 29, na Lakers wakatwaa ubingwa. Hilo halitajwi sana.

Alifariki Los Angeles tarehe 12 Oktoba 1999, kwa maradhi ya moyo, akiwa na miaka 63.

Robo ya mwisho ya mchezo wa Hershey ilinaswa na wasikilizaji wa redio kwenye utepe, na mwaka 2016 Maktaba ya Bunge la Marekani iliitia sauti hiyo katika hazina yake. Anasikika mtangazaji Bill Campbell akihesabu pointi moja moja, kisha kelele za watu wanaomiminika uwanjani, na saa bado ina sekunde 46.