Edwina Booth: Nyota aliyeponzwa na filamu ya Afrika

MWAKA wa 1929, kampuni ya MGM ilimleta Afrika Mashariki binti Mmarekani, Edwina Booth, kuigiza katika filamu ya Trader Horn. Alipewa nafasi ya msichana Mzungu anayeabudiwa na Waafrika, dhana iliyowafurahisha watazamaji wa ng'ambo kuliko wenyeji.

Alipigwa picha nchini Kenya na Uganda akiwa na nguo haba katika jua kali, hata malaria ikamlaza. Filamu ilipotoka mwaka wa 1931 ilivuma na kuwania tuzo ya Oscar, lakini afya yake ilikuwa imeharibika. Aliishtaki MGM, kesi ikamalizwa nje ya mahakama.

Aliigiza filamu chache tu kisha akajitenga. Uvumi ukaenea kwamba amekufa, kumbe alikuwa akilitumikia kanisa lake la Kimormoni huko California, alikofariki mwaka wa 1991 akiwa na umri wa miaka 86.