Sharifu wa Langoni: Maisha ya Habib Swaleh

Katika kurasa hizi ningependa tumzungumzie mtu ambaye jina lake twalijua sote lakini maisha yake wengi wetu twayajua nusu nusu. Naye ni Habib Swaleh bin Alwy Jamalilleyl, Mwenyezi Mungu amrehemu. Ukimtaja kwa kijana wa leo atakwambia, "ah, yule wa maulidi ya Lamu". Basi, habari ikaishia hapo. Atakumbuka mashindano ya punda na ya majahazi, na pengine binamu yake aliyerudi amepoteza simu kwenye umati.

Mimi sitaki kuanza na maulidi. Nataka kuanza na mtaa.

Mji wa Lamu, kwa asiyefika, una pande mbili kubwa. Kaskazini ni Mkomani, kusini ni Langoni. Katika karne ya 19 Mkomani ndiko kulikokuwa na majumba ya mawe: ghorofa mbili tatu, madaka ya kukalia wageni mlangoni, zidaka za chokaa zilizojaa sahani za kigeni, na milango ya kuchonga. Humo walikaa wangwana, wenye mashamba upande wa bara na wenye nasaba ndefu. Langoni zilikuwa zaidi ni nyumba za udongo na makuti. Hapo palishukia Wahadhrami maskini waliokuja na majahazi kutafuta riziki, Wangazija, Wabajuni kutoka visiwa vya kaskazini, watu wa bara, na watumwa walioachwa huru. Kwa lugha ya leo tungesema ni estate ya pembeni. Sisi tuliokulia Kisauni, Likoni au Changamwe twaelewa haraka maana ya kuulizwa "we watoka wapi?" na mtu wa mjini, hali bahari iliyotutenga naye ni ya dakika kumi za feri, au ni daraja tu.

Tofauti haikuwa ya nyumba peke yake, ilifika mpaka kwenye ilmu. Elimu ya juu ya dini ilisomwa ndani ya majumba na katika misikiti ya watu wenyewe, baba akimfundisha mwana, sheikh akimfundisha mtoto wa jamaa yake. Mtumwa alijua kuswali kwa kadiri alivyoonyeshwa, na mara nyingi hakuonyeshwa zaidi ya hapo. Kuvaa kwake kulikuwa na mpaka, na kukaa kwake barazani pia. Yaani alikuwa Muislamu, lakini wa mlangoni. Najua habari hii vijana wengi hatupendi kuisikia, tunaona kama ni ya kutuaibisha na kwamba wameiandika wazungu. Wazungu wameandika mengi ya uongo juu yetu, lakini hili la utumwa halihitaji mzungu. Muulize bibi yako kwa upole, atakwambia familia gani iliitwaje.

Habib Swaleh hakuzaliwa Lamu. Alizaliwa Ngazija, kisiwa kikubwa cha Komoro, katikati ya karne ya 19. Ukoo wake wa Jamalilleyl asili yake ni Hadharamaut. Wazee wao walifika Pate karne nyingi nyuma, kisha tawi moja likavuka bahari hadi Komoro. Kwa hivyo alipokuja Lamu akiwa bado kijana, alikuwa kama anarudi karibu na kwao, ingawa kwa watu wa mji alikuwa Mngazija tu, mgeni. Alikuja kwa ami yake, Sayyid Ali bin Abdallah, aliyekuwa mtu wa ilmu na wa tiba. Alikaa naye, akasoma kwake na kwa masheikh wengine wa Lamu. Akapokea pia ile kazi ya kutibu, na baadaye watu wengi walimfuata kwa sababu hiyo kabla hawajamfuata kwa darsa. Mgonjwa hana mtaa: homa ikimshika mtoto, mama wa jumba la mawe hujifunga buibui akaenda hata kwa mganga wa kwenye makuti.

Alikuwa sharifu, na hili tusilipite mbio. Sharifu mwenye ilmu wakati ule angeweza kujipatia pahali pazuri pa kukaa. Angeoa katika nyumba kubwa, akafungua darsa yake Mkomani, akaletewa zawadi kila Ijumaa na kuishi kwa heshima mpaka kufa kwake, wala hakuna ambaye angemlaumu. Yeye alikwenda Langoni. Si kwamba alifukuzwa mjini akakosa pa kwenda, manake wako wanaohadithia hivyo. Alikwenda akakaa na watu wa huko, akawafundisha alifu, udhu, Fatiha, na kwa aliyeendelea akafunguliwa vitabu vya fiqhi kama wanavyofunguliwa watoto wa wangwana. Kitabu ni cha Kiarabu, maelezo ni ya Kiswahili, na anayesikiliza ni mchukuzi wa maji, mvuvi, mkata boriti, au mtu ambaye bado ana bwana wake.

Hebu fikiria kidogo hilo lilimaanisha nini. Mtu aliyezoea kusimama nyuma anajifunza kuwa swala yake ina sharti zile zile za swala ya bwana wake. Anajua hukumu ya ndoa, ya talaka, ya mirathi. Kesho bwana akimwambia jambo silo, anajua kuwa silo. Darsa ya Safina, kile kitabu chembamba kabisa tunachosomeshwa watoto, ilikuwa ni jambo zito kwa mji uliojengwa juu ya daraja za watu.

Ndipo maneno yakaanza. Wako katika wakubwa wa mji waliochukia, na sababu zao hazikuwa moja. Wengine walikuwa na hofu ya kweli juu ya dini, kwamba ilmu inashushwa hadhi ikitupwa kwa kila mtu. Wengine, na tuseme ukweli, walihofia mashamba yao. Lakini ni makosa kusema Lamu nzima ilimpinga, kama wanavyosimulia wale wanaopenda hadithi za shujaa mmoja dhidi ya ulimwengu. Mmoja wa waliomuunga mkono alikuwa Sayyid Abubakar bin Abdulrahman, maarufu Sayyid Mansab, mwanachuoni mkubwa na mshairi wa Lamu hiyo hiyo, aliyeifasiri Maulidi ya Barzanji kwa tenzi za Kiswahili ili watu wasiojua Kiarabu wafaidike. Mtu kama huyo akisimama nawe, si rahisi kuitwa mpotevu.

Karibu na mwaka wa 1900 pale Langoni, kwenye ukingo wa mji panapoanzia mchanga na minazi, palisimama msikiti uliopewa jina la Riyadha. Jina hilo lina asili yake. Kule Seiyun, Hadharamaut, Habib Ali bin Muhammad al-Habshi alikuwa na msikiti wake kwa jina hilo hilo, na chuo kilichopokea wanafunzi kutoka mbali. Huyu ndiye mtunzi wa maulidi yaitwayo Simtud-Durar, sisi twayaita Maulidi ya Habshi. Habib Swaleh aliyaleta Lamu, yakasomwa pamoja na kupigwa matari.

Hapo sasa maneno yalizidi. Matari! Msikitini! Kwa watu waliozoea Barzanji inayosomwa kwa utulivu sebuleni, kila mtu na mahali pake kulingana na cheo chake, hili lilikuwa geni kabisa. Watu wa Langoni walikuwa na ngoma zao, na ngoma ndiyo iliyokuwa alama ya kuwadharau. Habib Swaleh hakuwafukuza na ngoma yao nje ya dini, aliwaita ndani na kuwapa cha kusifu. Najua ndugu yangu msomaji pengine wewe ni katika wanaosema maulidi ni bid'a, na mjadala huo ulikuwepo pwani yetu tangu wakati wa Sheikh Al-Amin Mazrui wa Mombasa, wala sitaumaliza mimi kwenye kurasa hizi nikiwa na njaa ya saumu. Ninachokuomba ni uangalie nani alikuwa ameketi kwenye mkeka ule. Mtumwa na sharifu bega kwa bega, na hakuna aliyeambiwa asogee nyuma.

Wakati hayo yakiendelea, dunia ya Lamu ilikuwa ikigeuka kutoka nje. Mwaka 1895 Waingereza walitangaza himaya yao juu ya nchi hii. Mwaka uliofuata wakaanza kujenga reli kutoka Mombasa, na mwaka 1901 ikafika Ziwa Viktoria. Biashara ikahamia kwenye reli, na bandari ya Lamu ikapoa. Kisha mwaka 1907 sheria ya utumwa ikafutwa. Angalieni lakini ilivyofutwa: serikali ilimlipa fidia mwenye watumwa kwa hasara aliyoipata. Mtumwa mwenyewe hakulipwa kitu. Hakupewa hata kishamba cha kupanda mihogo. Aliambiwa tu yu huru, basi. Wengi walibaki kama maskwota kwenye ardhi ile ile, na wengine wakaja kujibanza pembeni mwa miji, Lamu, Malindi, Mombasa. Vitongoji vingi vya pwani yetu vilinenepa hivyo, na mgogoro wa hati za ardhi tunaoulalamikia mpaka leo una mzizi mmojawapo hapo.

Serikali, basi, ilimpa mtu yule uhuru wa karatasi. Pa kukaa na jina la kuitwa alitafuta mwenyewe. Aliyefika Langoni alikuta angalau mlango mmoja ulio wazi, nyuma yake kuna mwalimu, na watu wanaomwita ndugu bila kumuuliza alikuwa wa nani. Kwangu mimi hii ndiyo karama kubwa ya Habib Swaleh. Zile nyingine zinazosimuliwa, Mungu ndiye ajuaye, nimezisikia nyingi toka utotoni na baadhi zimeongezwa chumvi.

Riyadha haikukaa kuwa ya Langoni peke yake. Wanafunzi walianza kuja kutoka visiwa vya Wabajuni, Komoro, Unguja, mwambao wote huu na hata bara. Walikaa hapo miaka, kisha wakarudi makwao kufungua vyuo vyao, mara nyingi vibanda tu vya makuti pembeni mwa mji kama alivyoanza mwalimu wao. Ukifuatilia silsila za walimu wengi wa madrasa za pwani, haichukui muda utajikuta umefika Langoni. Na vitabu walivyonakili kwa mkono au kuletewa kutoka ng'ambo vilihifadhiwa pale. Katika miaka ya 2010 hati hizo za Riyadha zilipigwa picha moja moja kwa kompyuta, zikawa zaweza kusomwa na mtu aliye popote. Nimezitazama mwenyewe kwenye intaneti ya chuo, tena nikashindwa kusoma hati ya mkono ambayo pengine kijana wa Langoni wa miaka mia nyuma aliisoma bila taabu.

Kuhusu nyumba yake na maisha yake ya ndani sitasema mengi. Alioa Lamu na kuzaa Lamu, na mtoto wake mashuhuri ni Sayyid Ahmad Badawi, aliyekua ndani ya darsa ya baba yake.

Habib Swaleh alifariki katikati ya miaka ya 1930, akiwa mzee sana, akazikwa Lamu. Aliyekuja mgeni alizikwa kama mwenye mji. Maulidi ya mfungo sita yanapomalizika huko Riyadha, siku ya Ijumaa watu hutoka kwa maandamano kwenda kuzuru kaburi lake. Wamo wa Mkomani na wa Langoni, na wajukuu wa waliompinga pia wamo, tena safu za mbele. Jioni zake vijana hucheza kirumbizi kwa bakora, na matari hayazimi mpaka usiku mkuu.

Sayyid Ahmad Badawi ndiye aliyeshika darsa baada ya baba yake, na baada yake jamaa wengine wa nyumba hiyo. Mji nao uliendelea kusogea. Miaka ya 1960, wakati wa vita vya shifta, Wabajuni wengi waliacha vijiji vyao vya kaskazini wakakimbilia Lamu, na waliokosa pa kukaa walijenga huko huko nyuma, kwa udongo na makuti, kisha kwa mabati. Ikaja mitaa mipya: Gadeni, Kashmir, Wiyoni. Msikiti uliojengwa ukingoni, mchanga mtupu upande wake mmoja, leo umezungukwa na nyumba pande zote, na mtoto wa Kashmir akitumwa chuoni hupita vichochoro kuja chini Riyadha.