Aeneas Coffey: Afisa Ushuru Aliyeijengea Wiski Mnara



Kurasa za wasifu katika jarida letu zimezoea wanasiasa na wapigania uhuru, na si vibaya. Safari hii naomba niwaletee mtu wa fani yetu sisi wahandisi, Muayalandi aliyeitwa Aeneas Coffey. Jina linasikika kama kahawa, lakini habari zake ni za wiski. Najua kuna watakaoshtuka: wiski tena, na tuko Lusail? Tulieni kidogo. Siipigii debe pombe. Wengi wetu hapa ni Waislamu, na wapo Wakristo ambao hawaigusi kabisa. Na nchi tuliyomo ina msimamo wake. Novemba 2022 bia yenye kilevi iliondolewa kuzunguka viwanja siku mbili tu kabla ya Kombe la Dunia, fainali ikachezwa hapahapa Lusail, na mpira ukanoga vilevile.

Naandika kwa sababu mbili. Kwanza, mtambo aliobuni Coffey ni mmoja wa mababu wa minara ile inayosimama Ras Laffan. Pili, bwana huyu alianza maisha akiwinda wapika gongo wa kwao, na katika kuwawinda akaelewa jambo ambalo serikali zetu za Afrika Mashariki zinahangaika nalo mpaka leo.

KIJANA WA USHURU

Coffey alizaliwa mwaka 1780. Mwaka 1800 hivi, akiwa kijana wa miaka ishirini, aliajiriwa katika idara ya ushuru wa bidhaa ya Ireland. Kazi yake ilikuwa kupima: pipa lina ujazo gani, kileo kina nguvu kiasi gani, serikali inadai shilingi ngapi. Ilikuwa kazi ya namba, na namba ndizo zilizomfanya aijue mitambo ya pombe kwa undani kuliko hata baadhi ya wenye viwanda.

Sasa angalieni hali ya Ireland wakati ule. Mwaka 1779 serikali ilibadilisha utaratibu wa kodi. Badala ya kumtoza mpikaji kwa kile alichopika, ikamtoza kwa ukubwa wa mtambo wake, ikikisia kwamba kwa mwezi lazima atakuwa amepika mara kadhaa. Ukipika kidogo, unalipa kama uliyepika sana. Matokeo yake? Mwaka 1779 Ireland ilikuwa na mitambo halali 1,228. Mwaka 1790 ilibaki 246. Mwaka 1821 ilikuwa 32 tu.

Je, watu waliacha kunywa? Thubutu! Walihamia porini. Pombe yao waliiita poitín, maana yake chungu kidogo, kwa sababu ilipikwa katika vyungu vidogo milimani. Mkulima wa Donegal aliyekuwa mbali na soko alikuwa na shayiri isiyo na mnunuzi na kodi ya shamba inayomsubiri. Shayiri ile akiipika inakuwa pesa ndani ya wiki chache. Mnaotoka Kilimanjaro, Kisumu au Kampala hamhitaji kuelezwa zaidi.

KIPIGO CHA DONEGAL

Serikali ilijibu kwa mabavu. Ukikamatwa mtambo wa magendo katika eneo fulani, faini hulipwa na wakazi wote wa eneo lile, aliyepika na asiyepika. Maafisa wa ushuru walitembea na askari. Coffey alikuwa mmoja wao, na alikuwa mkali kwelikweli.

Mwaka 1810, katika rasi ya Inishowen huko Donegal, kundi la watu wenye hasira lilimvamia. Walimpasua fuvu la kichwa, wakamchoma kwa singe hadi pajani, wakamwacha mwili mzima umevilia damu. Kupona kwake kulikuwa bahati tu.

Alirudi kazini na akapanda cheo mwaka hadi mwaka, akihamishwa kutoka Drogheda hadi Cork, mpaka mwaka 1818 akakaimu nafasi ya Inspekta Mkuu wa Ushuru wa Ireland nzima, na baada ya muda akathibitishwa. Mwaka huohuo wa 1818 mchungaji mmoja wa Donegal, Edward Chichester, alichapisha kijitabu akishutumu ukatili wa maafisa wa ushuru. Coffey naye akajibu kwa kijitabu chake akiwatetea wenzake. Kwa maoni yangu, mchungaji alikuwa na hoja nzito. Faini ya kijiji kizima ni dhuluma, hata ikiitwa sheria.

Lakini Coffey hakuishia kujitetea. Ripoti zake na ushahidi wake mbele ya tume za bunge, kati ya 1820 na 1824, vinamwonyesha mtu aliyejua udhaifu wa sheria aliyoisimamia. Ushauri wake ulisaidia kutungwa kwa Sheria ya Ushuru ya mwaka 1823: leseni ya paundi 10, na kodi kwa kila galoni inayotoka kweli mtamboni. Basi. Mambo ya kukisia yakaisha. Kufikia mwaka 1835 viwanda halali vya Ireland vilikuwa vimezidi 90. Wale wa porini hawakuisha, ila sasa mtu aliyetaka kufanya biashara mchana kweupe aliweza.

MTAMBO WENYEWE

Mwaka 1824 Coffey aliomba kuacha kazi ya serikali akaingia biashara ya kupika wiski Dublin. Unaweza kucheka: askari kageuka mwizi! Lakini ilikuwa halali, na alikuwa na kitu kichwani.

Kukeneka, yaani kuchemsha kimiminika na kuupoza mvuke wake, ni elimu ya kale, na sisi tulio huku Ghuba tuna haki ya kujivunia. Al-Kindi wa Baghdad, karne ya 9, aliandika kuhusu kukeneka manukato. Chombo chenyewe Wazungu wanakiita kwa neno la Kiarabu, al-anbiq, na neno alkoholi nalo asili yake ni Kiarabu. Marashi ya mawaridi ya Jabal Akhdar, Oman, hutengenezwa kwa njia hiyohiyo.

Tatizo la chungu ni kwamba kinafanya kazi kwa mafungu. Unajaza, unachemsha, unakusanya, unazima, unasafisha, unajaza tena. Mara ya kwanza kileo kinatoka na nguvu ya asilimia 20 na kitu, kwa hiyo unarudia mara ya pili, na Ireland walizoea hata mara ya tatu. Kuni au makaa yanateketea, na joto lote la mvuke unalimwaga kwenye maji ya kupozea.

Wengine walishajaribu kuondoa tatizo hili. Cellier-Blumenthal wa Ufaransa alikuwa na mnara wake tangu 1813, Anthony Perrier wa Cork alipata hataza mwaka 1822, na Robert Stein wa Scotland akafuata. Coffey aliyajua majaribio hayo akayapita. Hataza yake ilitolewa mwaka 1830.

Fikirieni minara miwili imesimama sambamba, ndani yake zimepangwa sahani za shaba zenye matundu, moja juu ya nyingine. Pombe changa ya nafaka, ikiwa baridi, inapita kwanza katika bomba lililojikunja ndani ya mnara wa pili. Humo inapashwa moto na mvuke wa kileo, na papo hapo inaupoza mvuke huo. Ikishapata joto inamiminwa juu ya mnara wa kwanza, inashuka sahani kwa sahani, huku mvuke wa maji unapanda kutoka chini na kuikamua kileo chote. Kileo kinakwenda mnara wa pili, kinapanda tena sahani kwa sahani, na kila sahani inakitakasa kidogo. Juu kinatoka na nguvu ya takriban asilimia 94, na mtambo hausimami. Usiku na mchana unaingiza huku, unatoa kule.

Mwanafunzi wa uhandisi akisoma maelezo haya lazima atabasamu. Kinachohitaji joto kinapewa na kinachohitaji kupoa. Ndiyo kanuni ileile inayotumika Ras Laffan kutenganisha mafuta mepesi yanayokuja na gesi. Hata ubaridi wa majengo ya Lusail, unaoletwa kwa mabomba ya maji kutoka mitambo ya pamoja, unategemea vimiminika viwili kubadilishana joto bila kuchanganyika. Na Coffey hakuwahi kusomea uhandisi wa kemikali, kwa maana fani hiyo ilikuwa haijazaliwa.

NYUMBANI HAWAKUMTAKA

Wakubwa wa wiski wa Dublin waliitazama ile minara wakakunja pua. Wiski yao ya chungu ndiyo iliyosifika duniani wakati ule. Kwao kileo cha Coffey kilikuwa safi kupita kiasi, hakina harufu, hakina ladha, hakistahili jina la wiski. Coffey akafungasha. Mwaka 1835 alifungua kampuni London, Aeneas Coffey na Wanawe, ya kujenga na kuuza mitambo badala ya pombe. Kampuni ile baadaye ilichukua jina la John Dore.

Waliomkaribisha ni Waskoti wa nyanda za chini. Coffey alifariki Uingereza kabla ya mwaka 1860, mwaka ambao sheria mpya iliruhusu kuchanganya wiski za aina mbalimbali kabla ya kulipa ushuru. Hapo ndipo mlango ulipofunguka. Wafanyabiashara walichukua wiski nzito ya chungu wakaichanganya na nyepesi ya mnara, wakapata kinywaji cha bei nafuu chenye ladha ileile kila chupa. Wakati huohuo mdudu aliharibu mashamba ya mizabibu ya Ufaransa, brandi ikaadimika, na pengo likajazwa na wiski ya Scotland. Mwaka 1877 viwanda sita vya nafaka vikaungana kuunda kampuni kubwa ya Distillers. Watu wa Dublin walipiga kelele hata kwa kitabu, lakini mwaka 1909 tume ya kifalme ilikata shauri kwamba kinachotoka kwenye mnara nacho ni wiski. Yakaja misukosuko ya uhuru wa Ireland na marufuku ya pombe Marekani, 1920 hadi 1933. Kufikia miaka ya 1970 kisiwa kizima cha Ireland kilibaki na viwanda viwili. Vimefufuka tena kwa wingi katika karne hii.

Mnara wenyewe ulizunguka dunia. Guyana wana mmoja wa mbao, wa mwaka 1880, unaotengeneza ramu. Japani, kampuni ya Nikka iliagiza wa kwake mwaka 1963 na imeandika jina la Coffey kwenye chupa. Mwaka 2022 Scotland iliuza nje chupa bilioni 1.67 zenye thamani ya paundi bilioni 6.2. Mwaka 2024 thamani ilishuka hadi bilioni 5.4, bado ni pesa ya kutisha kwa nchi ya watu milioni tano na nusu. Sehemu kubwa ya chupa hizo ni za mchanganyiko, maana yake ndani yake mna kileo cha mnara.

NA SISI JE?

Wakoloni walileta wiski hiyo Mombasa, Dar es Salaam na Entebbe, wakainywa klabuni kwao, huku Mwafrika akikatazwa kisheria kwa miaka mingi kugusa pombe kali. Uhuru ulipokuja, serikali zetu zilirithi sheria pamoja na tabia. Tanzania ilitunga sheria ya moshi mwaka 1966. Kenya ilipiga marufuku chang'aa mwaka 1980. Kama Donegal, watu walihamia kando ya mto. Kijijini kwetu waliopika gongo walikuwa zaidi kina mama wajane, na wapo wasomi waliosomeshwa kwa pesa hiyo, ingawa hawasemi. Kikubwa zaidi ni vifo. Nairobi, Novemba 2000, zaidi ya watu 100 walikufa kwa pombe iliyotiwa methanoli. Methanoli ile haizaliwi kwenye mahindi ya mama wa kijijini kwa kiasi cha kuua. Huongezwa na wafanyabiashara wenye tamaa, kwa sababu biashara ya gizani haina mpimaji.

Waganda walijaribu njia nyingine. Sheria ya Enguli ya mwaka 1965 ilitaka wapikaji wawe na leseni na wauze enguli yao kwa kiwanda, kiwanda kiikeneke upya na kuitoa ikiwa Uganda Waragi. Mwanakijiji anabaki na kipato, mtambo unatakasa, serikali inapata kodi. Haikufuatwa na wote, upikaji wa magendo uliendelea, lakini wazo lilikuwa la kihandisi hasa, na Coffey angelielewa mara moja. Kenya nayo, mwaka 2010, iliiruhusu tena chang'aa kwa masharti, na bado watu wamekufa, kwa kuwa sheria bila vipimo ni karatasi.

Wenye imani inayokataza pombe wana hoja yao, tena nzuri, na mimi siipingi: dawa bora ni kutokunywa. Ila wanaokunywa wapo, na ni ndugu zetu. Coffey alipasuliwa kichwa akitekeleza sheria mbovu, na kwa miaka iliyofuata akafanya mambo mawili: akasaidia kuandika sheria iliyo nyepesi kufuata, kisha akajenga mtambo ulio bora. Mhandisi wa Kiafrika anayemaliza masomo hapa Qatar, akirudi nyumbani akakuta bibi anapika kwenye pipa la mafuta lenye kutu, ana kazi inayomsubiri. Kipima methanoli cha bei ya chini kwa soko la kijijini kingeokoa maisha mengi kuliko misako mia. Wa kemia na wa umeme, mnaonaje?

Wasalaam, tukutane toleo lijalo.