Bwana Patterson na Daraja la Tsavo

Mwaka huu mlezi wa chama chetu alitutaka tuandike maisha ya mtu mashuhuri aliyekwisha kufa, ambaye jina lake linatajwa hapa kwetu Taita Taveta. Wenzangu walikimbilia wanasiasa. Mimi nikamchagua Mzungu mmoja mhandisi, na wengi wakanicheka. Lakini ninayo sababu, na sababu yenyewe ni nyanya yangu.

Nyanya ni mzaliwa wa Mbololo. Yeye hutusimulia kuwa babu yake alikuwa na ndugu aliyeshuka mlimani kwenda kubeba mizigo ya reli kule Tsavo, asirudi tena. Alichukuliwa na simba, basi. Hadithi huishia hapo. Hata jina lake hakuna anayelikumbuka nyumbani. Sote twamwita tu Babu wa Tsavo. Basi niliposikia kuwa mhandisi aliyewaua simba wale aliandika kitabu, nilijiambia huenda babu yetu yumo. Nikakitafuta mpaka nikakipata kwa mwalimu mmoja, jalada halipo na kurasa zimekuwa rangi ya chai. Nilikisoma kwa taabu, kamusi mkononi. Haya ninayokuandikia nimeyatoa humo na katika vitabu vingine vilivyomweleza mtu huyo.

John Henry Patterson alizaliwa Ireland tarehe 10 Novemba 1867. Alijiunga na jeshi la Uingereza akiwa kijana mdogo, akapelekwa India, na huko akajifunza Kihindi. Lugha hiyo ndiyo iliyomfaa alipokuja kwetu. Wakati huo Waingereza walikuwa wakijenga reli ya kutoka Mombasa kwenda Ziwa Viktoria, kazi iliyoanza mwaka 1896, na wafanyakazi wengi, zaidi ya 30,000 kwa jumla, waliletwa kutoka India. Patterson alishuka Mombasa tarehe 1 Machi 1898, akapewa kazi ya kujenga daraja la kudumu la mto Tsavo.

Ukipanda matatu hapa Voi kuelekea Nairobi, utapita Manyani, kisha utavuka mto huo, kama kilomita 50 hivi kutoka mjini. Leo unavuka kwa dakika moja huku unatafuna njugu. Mwaka 1898 mambo hayakuwa hivyo. Pale palikuwa na nyika tupu, miiba na jua kali. Kwanza ilitengenezwa njia ya muda ili reli isonge mbele na wafanyakazi wengi waende nayo. Patterson akabaki na mamia kadhaa ya watu kujenga nguzo za mawe za daraja lenyewe. Mawe yalichongwa mbali kidogo, yakaletwa kwa vigari vilivyosukumwa juu ya reli ndogo.

Hata kabla hatujafika kwa simba, mhandisi wetu alikuwa na kesi na watu. Waashi walilipwa zaidi ya makuli wa kawaida, na Patterson aligundua kuwa wengi wao hawakuujua uashi, ila wameupenda mshahara. Akaamua kumlipa kila mtu kwa kadiri ya kazi yake. Loo! Baadhi yao wakapanga njama ya kumuua palepale machimboni, na aliponea chupuchupu. Kwa hakika hakuwa mtu laini, na mimi simsifu kwa kila jambo.

Sasa simba. Walikuwa wawili, madume wote, lakini hawakuwa na manyoya marefu shingoni kama simba wa kwenye picha. Siku chache tu baada ya Patterson kufika, watu wakaanza kupotea usiku. Mwanzoni hakuamini. Akadhani labda wenzao wamewaua kwa ajili ya pesa. Ndipo alipochukuliwa jemadari mmoja Kalasinga, Ungan Singh, akatolewa hemani wenzake wakisikia. Asubuhi Patterson alifuata alama mchangani mpaka akayaona mabaki. Tangu siku hiyo aliapa kuwaua wanyama wale.

Kuapa ni rahisi. Mabomba ya miiba yalizungushwa kambi, simba wakapenya. Moto uliwashwa usiku kucha, hawakujali. Patterson akilinda kambi hii, wao wanakula kambi ile. Wafanyakazi wakawa wanalala juu ya miti, wengine juu ya tangi la maji, wengine katika mashimo waliyochimba ndani ya mahema na kufunika kwa magogo. Usiku mmoja mti ulizidiwa na uzito wa watu ukaanguka karibu kabisa na simba, na kilichowaokoa ni kuwa simba walikuwa tayari wanamla mwingine. Hebu fikiria, msomaji, unaokoka kwa sababu hiyo!

Uhandisi nao uliingia vitani. Patterson alitengeneza mtego mkubwa kwa mataruma, vipande vya reli na minyororo, wenye vyumba viwili: kimoja cha simba, kingine cha watu, ili awe na chambo na chambo kiwe salama. Simba mmoja aliingia kweli. Askari waliokuwa ndani walikuwa na bunduki, lakini mikono ilitetemeka. Walipiga huku na huku, risasi moja ikavunja nondo ya mtego, na simba akatoka akaenda zake.

Tarehe 1 Desemba 1898 maji yalizidi unga. Mamia ya makuli walijitupa juu ya reli mbele ya gari moshi, likasimama, wakalipanda pamoja na mizigo yao wakaondoka. Wakaona heri kupoteza mshahara kuliko kupoteza roho. Kazi ya daraja ilisimama kwa karibu wiki tatu. Siku moja baadaye alifika afisa wa serikali aliyeitwa Whitehead pamoja na sajini wake wa askari, Abdullah. Wakitembea usiku kutoka stesheni, simba aliwarukia. Whitehead alikwaruzwa mgongo, Abdullah akachukuliwa.

Usiku wa tarehe 9 Desemba Patterson alikaa peke yake juu ya dungu la miti, mzoga wa punda ukiwa chini kama chambo. Simba hakumtaka punda. Alimzunguka yeye kwa saa mbili hivi gizani, mwindaji sasa akiwa mwindwa. Hatimaye Patterson alipiga risasi akifuata sauti tu, akampata. Watu wanane walimbeba mnyama yule. Wa pili alikufa tarehe 29 Desemba baada ya kupigwa risasi nyingi. Makuli wakarudi, na walewale waliokuwa na kinyongo naye wakamzawadia bakuli la fedha mwezi Januari 1899. Daraja likakamilika mwezi uliofuata. Mafuriko yalipokuja yaling'oa madaraja mawili madogo ya vigari na kuyabamiza kwenye nguzo zake. Nguzo hazikutikisika.

Maisha yake baada ya hapo nitayapitia upesi. Mwaka 1907 alitoa kitabu chake, The Man-Eaters of Tsavo, kikasomwa dunia nzima. Mwaka huohuo akarudi kwetu kuwa msimamizi wa wanyama wa pori. Mwaka 1908 mgeni mmoja aliyekuwa katika msafara wake kaskazini mwa Kenya, Audley Blyth, alikufa kwa risasi kambini, na Patterson akaendelea na safari pamoja na mjane. Maneno yakaenea mpaka bunge la Uingereza. Hakupatikana na hatia yoyote, lakini kazi aliiacha. Wasomi wengi husema kisa hicho ndicho kilichompa Ernest Hemingway mbegu ya hadithi yake fupi ya mwaka 1936 kuhusu Francis Macomber. Kumbe aliyewaandika wengine naye aliandikwa! Katika Vita vya Kwanza vya Dunia aliongoza askari wa Kiyahudi huko Gallipoli na Palestina, akaviandikia vita hivyo vitabu viwili. Alifia California tarehe 18 Juni 1947, na majivu yake yalihamishiwa Israel mwaka 2014.

Na simba je? Ngozi zao zilikuwa mazulia nyumbani kwake kwa takriban miaka 25. Mwaka 1924 aliziuzia jumba la makumbusho la Field, Chicago, kwa dola 5,000, na hadi leo simba wa Tsavo wamesimama huko nyuma ya kioo, Marekani, wakitazamwa na watoto wa shule kama sisi.

Sasa nirudi kwa nyanya. Nilikisoma kitabu chote nikitafuta watu wetu. Patterson anasema Wahindi waliouawa walikuwa 28. Kuhusu Waafrika anakiri kuwa waliuawa wengi, lakini hakuna aliyeweka hesabu yao. Mwaka 1925 aliandika kijitabu kingine, na humo jumla ikawa watu 135. Mwaka 2009 wanasayansi walipima nywele na mifupa ya simba wale, wakakadiria kuwa waliliwa watu 35 hivi. Yaani hata leo hesabu haijatulia! Jina la Ungan Singh nililiona. Jina la Abdullah nililiona. Babu wa Tsavo sikumwona.

Nilimweleza nyanya hayo yote jioni moja akichambua maharagwe. Alinyamaza kitambo, kisha akaniuliza kama simba wale bado wapo. Nikamjibu kuwa wapo Chicago, wametunzwa vizuri. Hakusema neno lingine, akaendelea na maharagwe yake.

Msomaji mwenzangu, Patterson hakutuibia kitu kwa kuandika. Aliandika aliyoyaona, na alikiri asichokihesabu. Kosa ni kwamba yeye peke yake ndiye aliyekuwa na kalamu pale mtoni, na sisi hatujaishika mpaka leo. Mali bila daftari hupotea bila habari, na watu pia ni vivyo hivyo. Likizo hii, ukienda Sagalla, Wundanyi, Mwatate au Taveta, kaa karibu na mzee, uliza jina, uliandike, na mwaka, na mahali. Usingoje afe. Mimi nimechelewa kwa Babu wa Tsavo, lakini habari yake sasa imo katika jarida hili, hata kama jina halimo.

Naweka kalamu chini. Tukutane toleo lijalo, inshallah.